Jedwali na Msomaji Asiyeona

Wahenga walisema, mwenye macho haambiwi tazama. Methali hii ni ya kweli, lakini yaacha swali moja: asiye na macho aambiwe nini? Katika historia ya maandishi swali hili lilikawia kuulizwa, na jawabu lake lilikuwa gumu hasa katika jedwali.

Jedwali ni chombo cha kale sana. Katika Chuo Kikuu cha Columbia, mjini New York, kimehifadhiwa kibao cha udongo kiitwacho Plimpton 322. Kiliandikwa katika nchi ambayo leo ni Iraki, yapata miaka 1800 kabla ya kuzaliwa Kristo. Tarakimu zake zimepangwa katika safu 4 zilizosalia na mistari 15. Juu ya safu pameandikwa vichwa, na kila mstari umepewa nambari yake. Mwandishi yule alijua kwamba tarakimu iliyo peke yake haina maana. Maana yake hutokana na mahali ilipo, yaani chini ya kichwa gani na katika mstari upi. Jicho hupanda, hushuka, huenda kando, na mara moja hupata jawabu.

Sikio haliwezi kufanya hivyo, kwa kuwa hupokea neno moja baada ya jingine, kama shanga zipitazo katika uzi. Tuseme jedwali laonyesha mvua ya Kisumu, Lodwar na Mombasa katika kila mwezi wa mwaka. Mtu asomewaye tarakimu zote 36 mfululizo, pasipo kutajiwa mji wala mwezi, amesomewa yote na hakupata kitu.

Mwaka 1989 Mwingereza Tim Berners-Lee, aliyekuwa akifanya kazi katika kituo cha utafiti cha CERN karibu na Geneva, alitoa pendekezo lililozaa mtandao wa wavuti. Kwa wasioona hii ilikuwa neema, maana programu za tarakilishi zilizosoma skrini kwa sauti zilikuwako tayari. Ukurasa uliotolewa asubuhi uliweza kusikilizwa siku ile ile, bila kungoja kuandikwa upya kwa nukta nundu za Braille.

Lakini neema hiyo ilikuja na kikwazo. Katikati ya miaka ya 1990 majedwali yaliingia katika kurasa za wavuti, na wabunifu wakatambua kwamba yafaa pia kupangia picha, matangazo na habari. Chombo cha kuwekea hesabu kikageuzwa rafu ya kila kitu. Programu za wakati ule aghalabu zilisoma skrini kutoka kushoto hadi kulia, zikiunga nusu ya sentensi ya safu hii na nusu ya sentensi ya safu ile. Msikilizaji akabaki na mchafuko wa maneno.

Marekebisho yalifuata hatua kwa hatua. Mnamo Desemba 1996 ilitolewa kanuni ya CSS, iliyowapa wabunifu njia nyingine ya kupamba kurasa. Mnamo Desemba 1997 lugha ya HTML 4.0 ilimwezesha mwandishi kueleza, ndani ya maandishi ya siri ya ukurasa, kichwa kipi chatawala safu au mstari upi. Kisha tarehe 5 Mei 1999 ulitolewa mwongozo wa kwanza wa WCAG, ulioweka utambulisho wa vichwa vya majedwali katika daraja la kwanza la masharti yake. Tangu hapo programu iliweza kumwambia msikilizaji, “Lodwar, Aprili,” ndipo ikamtajia tarakimu.

Hata hivyo, sheria haijitendi yenyewe. Wako wanaokoza wino wa kichwa wakidhani wamekwisha kukitambulisha. Na wako wanaopiga picha ya jedwali zima na kuibandika katika ukurasa. Kwa jicho hakuna kilichopungua. Kwa sikio hakuna kilichoandikwa.

Jambo hili si dogo. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, katika ibara ya 35, humpa raia haki ya kupata habari zilizo mikononi mwa Serikali. Na ibara ya 54 hutaja haki ya watu wenye ulemavu kutumia njia za mawasiliano ziwafaazo. Bei za mazao, matokeo ya mitihani, makadirio ya fedha na hesabu za kura, zote hupangwa katika majedwali. Asiyeweza kuyasoma hulazimika kusomewa na mwingine. Na ategemeaye kusomewa hana siri, wala hana hakika.

Basi, enyi vijana, mtakapotengeneza jedwali, chagueni tarakimu moja katikati yake na mjiulize: je, mtu anayesikiliza tu ataweza kujua ni ya nani, na ni ya nini? Ikiwa hawezi, kazi haijaisha.