Sheria ya Nyumba na Mitaa ya Dar es Salaam

Somo letu la leo ni historia ya mji wa Dar es Salaam. Wenyeji wa zamani walizoea majina matatu: Uzunguni, Uhindini na Uswahilini. Je, mji uligawanyikaje hivyo? Sikilizeni.

Mji ulianzishwa na Sayyid Majid bin Said, Sultani wa Unguja, katika miaka ya 1860, kwa ajili ya bandari yake nzuri. Mwaka 1891 Wajerumani waliufanya makao makuu ya serikali yao, wakatoa na sheria ya ujenzi. Upande wa mashariki, penye upepo wa bahari, zilitakiwa nyumba za namna ya Ulaya tu. Katikati, penye maduka, zilitakiwa nyumba imara. Vibanda vya miti na udongo viliruhusiwa upande wa magharibi.

Angalieni jambo hili. Sheria ile iliuliza nyumba imejengwa kwa vitu gani. Haikuuliza rangi ya mtu. Lakini kuli wa bandarini angepata wapi fedha za mawe na saruji? Basi, bila kutajwa, alikwisha ambiwa mahali pa kukaa.

Mwaka 1916, wakati wa Vita Kuu, Waingereza waliuteka mji. Upande wa magharibi waliweka kambi ya wapagazi wa jeshi. Kikosi chao kiliitwa Carrier Corps, na katika vinywa vya wenyeji jina likawa Kariakoo. Baada ya vita mahali hapo palikatwa viwanja vya Waafrika. Kati yao na Uhindini uliachwa uwanja mpana wa Mnazi Mmoja, ikasemwa ni kwa ajili ya afya.

Mtu alijenga nyumba yake Kariakoo, lakini ardhi haikuwa yake, aliilipia kodi. Nyumba ilikuwa na vyumba sita, ukumbi katikati na ua nyuma. Mwenyewe alikaa chumba kimoja, vingine akapangisha. Hivyo wageni wengi kutoka bara walipata pa kulala kwa jasho la wenyeji wenyewe.

Uhuru ulipatikana mwaka 1961. Mwaka 1962 likaundwa Shirika la Nyumba la Taifa, likabomoa nyumba mbovu na kujenga mpya, kama kule Magomeni. Leo Kariakoo ni mtaa wa maghorofa na maduka. Sheria haimtengi mtu tena kwa rangi, lakini bei yaweza kumtenga.

Kwa hiyo, ndugu zangu, mpango wa mtaa ukiletwa mkutanoni, ulizeni mambo mawili: Nani ataweza kujenga nyumba inayotakiwa? Asiyeweza atakwenda wapi? Na ninyi mliojifunza kusoma, msingoje kusomewa. Ombeni karatasi, mjisomee wenyewe.

Maswali:
1. Sheria ya 1891 iliwatenganishaje watu?
2. Jina la Kariakoo lilitoka wapi?
3. Katika mtaa wako, nani hupanga viwanja?