Amri kwa Kiholanzi

Ukiiona kwenye ramani, kamandi ya ABDA ilikuwa mpango safi kabisa. Mwishoni mwa 1941, Japani ikiwa imeshaipiga Pearl Harbor na kuzizamisha manowari mbili kubwa za Uingereza karibu na Malaya, Churchill na Roosevelt walikaa Washington wakaamua kwamba majeshi ya Marekani, Uingereza, Uholanzi na Australia, kuanzia Burma hadi kaskazini mwa Australia, yawe chini ya mtu mmoja. Jenerali Archibald Wavell, Mwingereza, akafungua ofisi Lembang, kwenye milima ya kisiwa cha Java, katikati ya Januari 1942. Tarehe 25 Februari ofisi ikafungwa. Wiki sita hivi. Hata mimi niliyeacha chuo nilidumu zaidi.

Waholanzi na Waaustralia hawakuwa na kiti kwenye meza ile ya Washington. Waholanzi waliumia zaidi, manake visiwa vilivyokuwa vinalindwa walivihesabu kuwa mali yao. (Wajava wenyewe hakuna aliyewauliza, ingawa wengi wao walikuwa mabaharia ndani ya meli za Uholanzi na walikufa nazo.) Mkuu wa upande wa bahari alikuwa Admirali Thomas Hart, Mmarekani wa miaka 64. Waholanzi hawakumtaka. Kabla Februari haijaisha alikuwa ameondoka na kiti kikachukuliwa na Mholanzi, Conrad Helfrich. Ukisimulia hadithi hii Nairobi, lazima mtu akwambie fahali wawili hawakai zizi moja. Mimi methali hiyo hainitoshi hapa. Helfrich alikipata kiti, zizi likabaki na fahali mmoja, na bado meli zikazama.

Kilichoziua, kwa maoni yangu, kinaonekana ukiacha kuwatazama wakubwa ukafuata amri yenyewe: inatoka kwenye mdomo wa nani, inapita wapi, inafika vipi.

Aliyepewa kazi ya kupigana alikuwa Mholanzi mwingine, Karel Doorman. Kikosi chake kilikuwa na meli 14. Kruza tano: De Ruyter na Java za Uholanzi, Exeter ya Uingereza, Houston ya Marekani, Perth ya Australia. Pamoja nazo manowari tisa ndogo za kasi kutoka nchi tatu. Hazikuwahi kufanya mazoezi pamoja kama kikosi kimoja. Hazikuwa na kitabu kimoja cha ishara. Doorman akisema jambo kwa Kiholanzi, ofisa wa Kimarekani aliyewekwa ndani ya De Ruyter alilitafsiri kwa Kiingereza, kisha likarushwa kwa redio au kwa taa za kumwekamweka, na kila nahodha akalisoma kulingana na mafunzo ya kwao. Hebu fikiria hiyo ukiwa unapigwa makombora.

Tarehe 27 Februari, Doorman alikuwa anarudi Surabaya baada ya kuwatafuta adui usiku kucha. Watu wamechoka, mafuta yanapungua. Akapata habari kwamba Wajapani wameonekana, akageuza meli akatoka tena. Mapigano yalianza baada ya saa kumi jioni, yakaenda karibu saa nzima bila madhara makubwa. Kisha kombora likaingia kwenye chumba cha boila cha Exeter. Meli ikapoteza mvuke, ikapunguza kasi, ikakata kushoto itoke kwenye mstari.

Exeter ilikuwa ya pili, nyuma ya De Ruyter. Houston iliyoifuata ikaona meli ya mbele inapinda, ikafikiri kuna amri ya kupinda ambayo yenyewe haikuipata. Nayo ikapinda. Perth ikafuata, Java ikafuata. Doorman aligeuka nyuma akakuta yuko peke yake. Wakati huohuo topido ikaipiga Kortenaer, manowari ndogo ya Waholanzi, ikakatika vipande viwili.

Hicho kisa cha Exeter nimekisoma mara nyingi na bado kinanikaa moyoni. Manahodha wale hawakuwa wajinga wala waoga. Kila mmoja alifanya jambo la busara kwa kile alichokiona. Kama ishara ingekuwa moja na ya kuaminika, Houston ingejua kwamba hakuna amri, ikaipita Exeter na kuendelea mbele.

Baada ya hapo hali ikazidi kuwa mbaya. Manowari nne ndogo za Marekani zilipokea amri ya kushambulia, ikafutwa, zikaambiwa zitoe moshi, halafu zilinde wenzao wanaorudi nyuma. Kamanda wao akaamua mwenyewe, akarusha topido zake, na baadaye akazirudisha meli Surabaya. Electra ya Waingereza ilizamishwa. Jupiter ikalipuka kwa bomu la kutegwa majini, na wanahistoria wengi wanaamini lilitegwa na Waholanzi wenyewe mchana uleule. Karibu na usiku wa manane De Ruyter na Java zikapigwa topido. Doorman akafa na meli yake. Wafu wa upande wa washirika walifika kama 2,300. Japani haikupoteza meli hata moja.

Sitaki kudanganya kwamba kitabu cha ishara kingewaokoa. Topido za Kijapani zilifika mbali kuliko zao, na angani Wajapani walikuwa na macho ambayo Doorman hakuwa nayo. Lakini kushindwa ni jambo moja, na kushindwa huku mkipotezana ni jingine.

Mawimbi yake yalifika kwetu. Aprili 1942 Wajapani waliishambulia Ceylon, na Admirali James Somerville akazileta meli zake kuukuu za Kikosi cha Mashariki hapa Kilindini. Shule ya Allidina Visram, Mombasa, ikageuzwa kituo cha kusikiliza na kufumbua ishara za siri za Wajapani. Yaani wakati washirika walikuwa bado wanahangaika kusomana, kuna watu walikaa madarasani Mombasa wakimsoma adui.

Somerville huyohuyo, tarehe 19 Aprili 1944, aliongoza shambulio la Sabang, ncha ya kaskazini ya Sumatra. Alikuwa na meli za Uingereza, Marekani, Uholanzi, Australia, New Zealand na Ufaransa, karibu mchanganyiko uleule uliozama Java. Tofauti ni kwamba Saratoga, meli ya Marekani ya kubebea ndege, ilifika mapema na marubani wa pande mbili wakafanya mazoezi pamoja kwanza. Rubani mmoja wa Marekani alipoangushwa baharini, nyambizi ya Uingereza ilimwokota.

Na 1945 Waingereza, watu wanaojivunia bahari kuliko kitu chochote, walipotaka kupigana Pasifiki pamoja na Wamarekani waliviweka kando vitabu vyao vya ishara wakajifunza vya Marekani. Nadhani hiyo iliwauma kuliko kupokea amri za Mmarekani. Admirali unaweza kumbadilisha kwa barua moja. Maelfu ya mabaharia kujifunza upya namna ya kusema "pinda kulia" ni kazi ya miezi.

Leo kuna kikosi cha pamoja chenye makao yake Bahrain, na Kenya ni mwanachama. Mkuu wake ni Mmarekani, ila vikosi vidogo chini yake huongozwa kwa zamu, Pakistan ikiwemo, na kila nchi inaruhusiwa kukataa kazi isiyoitaka. Hata Wavell aliandikiwa sharti linalokaribiana na hilo: kamanda wa nchi aliweza kukata rufaa kwa serikali yake kabla ya kutekeleza amri. Kambi ya jeshi letu la majini iko Mtongwe, ng'ambo tu ya Kilindini. Siku moja ningependa kumuuliza baharia wa pale kitabu cha ishara anachokisoma kiliandikwa na nani, na kama kuna Mkenya aliyewahi kuulizwa kiandikwe vipi.