Chungu cha Bibi wa Madina na Sinia Yetu ya Muhogo

 

Hebu nikuulize. Mgeni akitokea kwenu magharibi inapokaribia, na jikoni mna muhogo wa nazi na uji peke yake, utamkaribisha? Ama utamtuma mtoto mbio dukani akakope unga wa ngano na nyama? Tuseme ukweli, wengi wetu tunaona haya. Muhogo tumeubandika jina, eti futari ya maskini. Basi kabla hatujaendelea kuuonea haya, twende Madina kidogo.

Sahaba Sahl bin Saad as-Saidi (r.a.) alikuwa katika Ansari, kijana wa miaka 15 hivi Mtume (s.a.w.) alipofariki mwaka wa 11 Hijria (632). Aliishi umri mrefu, akawa katika Masahaba wa mwisho kufariki pale Madina. Katika aliyotusimulia mna habari ya bibi mmoja mzee, na Imam Bukhari ameihifadhi katika Sahihi yake, kwenye kitabu cha Ijumaa na tena kwenye kitabu cha vyakula.

Bibi huyo alikuwa na shamba, na kando ya mifereji ya maji alipanda mboga iitwayo silq, ambayo ni ukoo mmoja na bitiruti tunazoziona sokoni. Ikifika Ijumaa aling'oa mizizi yake, akaitia chunguni, akaongeza konzi ya shayiri aliyoisaga, akapika. Nyama hakuna. Mafuta hakuna. Ile mizizi ndiyo iliyosimama mahali pa nyama. Masahaba wakitoka kuswali hupita kwake, humsalimu, naye huwaandalia. Anasema Sahl kwamba walikuwa wakiitamani Ijumaa kwa ajili ya chakula kile, maana siku hiyo hawakula cha mchana wala hawakulala mchana ila baada ya swala.

Tazama sasa, msomaji. Katika habari hiyo jina la bibi halikutajwa. Kilichobaki ni chungu chake, nasi tunakizungumza baada ya zaidi ya miaka 1,400.

Na usidhani shayiri ilikuwa chakula cha wanyonge peke yao. Ndiyo iliyokuwa riziki ya kila siku Madina, kwa kuwa ngano ilikuwa adimu. Bi Aisha (r.a.) ametueleza kwamba Mtume (s.a.w.) alifariki hali deraya yake imewekwa rehani kwa pishi, yaani swaa, 30 za shayiri. Basi nani kati yetu ni mbora hata aone haya?

Turudi kwetu pwani. Ibn Battuta alifika Mombasa mwaka 1331. Aliandika kwamba watu wa kisiwa hiki hawakulima nafaka, bali waliletewa, na chakula chao kikubwa kilikuwa ndizi na samaki. Muhogo hakuutaja, na asingeweza kuutaja, kwani asili yake ni Amerika Kusini. Wareno ndio walioileta mbegu yake Afrika kutoka Brazil katika karne ya 16, na huku kwetu ukaenea baadaye. Viazi vitamu na mahindi pia asili yao ni Amerika. Mbaazi zilitoka Bara Hindi, mchele ukatoka Asia. Mtama ndio mwenyeji hasa, ulianza kulimwa upande wa Sudan maelfu ya miaka iliyopita.

Kwa hivyo hiyo sinia unayoiona ya kawaida imekusanya mabara matatu. Bibi zetu waliupokea muhogo ukiwa mgeni, wakautia tui na chumvi, wakaufanya wetu. Hawakuuliza ni wa tajiri ama wa maskini. Waliuliza utashibisha wangapi.

Ukitaka kuonja chungu cha Madina, si kazi. Loweka shayiri usiku kucha, ichemshe mpaka ilainike, kisha utie bitiruti zilizokatwa vipande na chumvi. Ukikosa bitiruti, tia kiazi kitamu. Ukikosa shayiri, tumia mtama. Shayiri inalimwa hapa hapa Kenya, Narok na Timau, ila nyingi huishia kwenye viwanda vya pombe. Bora nyingine ipite jikoni kwetu!

Nimeandika haya kwa sababu yamenikuta. Ramadhan moja nilimkwepa rafiki yangu mlangoni mwa msikiti, maanake nyumbani siku hiyo kulikuwa na muhogo mtupu. Baadaye nikaja kujua kwamba usiku ule alifuturu kwa maji na tende tatu, akalala. Mama aliposikia aliniambia neno moja tu: "Mwanangu, yeye alikuwa na njaa, wewe ulikuwa na kiburi." Sijamjibu mpaka leo.

Tumefundishwa na Mtume (s.a.w.) kwamba mwenye kumfuturisha aliyefunga hupata ujira mfano wa wake, bila ya ujira wa yule kupungua. Hakuna sharti la biriani. Basi kijana mwenzangu, leo ukitoka msikitini mshike mkono mmoja asiye na pa kwenda, umpeleke nyumbani. Kilichopo ndicho hicho hicho.

Allah (s.w.t.) atutakabalie funga zetu. Wabillahi tawfiq.