Safari za Kesi za Ndoa: Mutshatsha na Mahakama za Ukanda wa Shaba

Historia ya ndoa katika nchi ya Mutshatsha, magharibi ya Kolwezi, haitenganiki na historia ya mahakama zake. Zamani ugomvi wa mume na mke ulisikilizwa na wazee wa koo mbili na, ukiwashinda, ulipelekwa kwa chifu. Dekreti ya tarehe 15 Aprili 1926 iliyatambua mabaraza hayo na kuyaweka katika ngazi: chini mahakama za machifu, juu yake mahakama ya teritwari iliyosimamiwa na ofisa wa Kibelgiji. Dekreti ya mwaka 1931 kuhusu miji ya Waafrika nje ya himaya za machifu ilifungua njia ya mahakama za mijini, ambako waamuzi na wadai walitoka makabila mbalimbali.

Mwaka huohuo wa 1931 reli ipitayo Mutshatsha iliunganishwa na ile ya Benguela. Tayari tangu mwishoni mwa miaka ya 1920, kampuni ya Union Minière ilikuwa ikiwahimiza wafanyakazi wake kuishi kambini pamoja na wake zao, hata ikawakopesha fedha za mahari. Kwa hiyo ndoa za mchanganyiko ziliongezeka, na pamoja nazo likazuka swali zito: ndoa ikivunjika, watoto ni wa nani? Kwa Waluba wa Katanga mtoto hufuata ukoo wa baba. Kwa Wandembu, walio jamaa ya Walunda, hufuata ukoo wa mama, na mjomba ana neno juu yake. Hivyo mahali pa kukatia kesi palikuwa na uzito sawa na ushahidi wenyewe. Mume alikuwa na sababu ya kupendelea baraza la mjini. Ndugu za mke walikuwa na sababu ya kuirudisha kesi kwa chifu wao.

Sheria iliweka njia ya kupanda tu: mahakama ya teritwari iliweza kuipitia upya hukumu ya chini, na mahakama ya mwendesha mashtaka iliweza kuibatilisha. Jarida la mahakama za wenyeji lililoanza kutolewa Elisabethville mwaka 1933, ambalo Antoine Sohier alikuwa nguzo yake, lilichapisha hukumu za namna hiyo na kuwafunza maofisa mila za ndoa.

Baada ya uhuru, sheria ya mwaka 1968 ilianzisha mahakama za amani, nayo ile ya 1982 ikaruhusu mahakama za mila ziendelee mpaka hizo za amani zifunguliwe. Kanuni ya Familia ya tarehe 1 Agosti 1987 ilikusanya talaka zote chini ya sheria moja: mahari ilibaki sharti la ndoa, lakini malezi ya watoto yaliamuliwa kwa kutazama manufaa yao. Kuhamisha kesi nako kukapewa utaratibu: mahakama kuu ya eneo yaweza kuitoa kesi katika mahakama moja ya amani na kuipeleka nyingine, kwa ajili ya usalama wa umma au kwa shaka ya haki juu ya waamuzi. Mila inapohitajika, hakimu huketi pamoja na wazee waijuao.

Katika safari hizo Kiswahili kilikuwa chombo na pia kizuizi. Kilikuwa lugha ya kambi na ya miji ya migodi, kikawawezesha Mluba na Mndembu kuelewana mbele ya mwamuzi mmoja. Lakini neno mjomba, lililotafsiri cheo cha ndugu wa mama, halikuweza kuibeba haki yake juu ya wapwa. Kesi iliyotoka kijijini kuja mjini ilibadili lugha kabla ya kubadili hakimu, na katika badiliko hilo la kwanza ukoo mmoja uliweza kupoteza watoto hata kabla hukumu haijasomwa. Mchunguzi wa kumbukumbu za mahakama za Lualaba, jimbo tangu mwaka 2015, hana budi kusoma maneno yake kwa makini sawa na vifungu vya sheria.