Masaa Manne Quanzhou: Mawe Yaliyofichwa Ukutani

Wacha nianze na ukweli. Sikuenda Uchina kutafuta historia. Nilienda kubeba mizigo.

Shangazi yangu anauza viatu Nairobi, na kila mwaka hufunga safari kwenda Jinjiang, mkoa wa Fujian, mahali viwanda vya viatu vimebanana kama matatu stejini. Safari hii alisema magoti yamechoka, anataka kijana wa kumsaidia. Mimi sikujiuliza mara mbili.

Siku moja kabla turudi, kiwanda kikatuambia sampuli zitakuwa tayari jioni. Tukabaki na mchana mzima bure. Shangazi akaniangalia nikiwa nimejilaza na simu, akasema, "Wewe kijana, badala ya kukaa hapo ukibonyeza hiyo kitu, tafuta mtu atutembeze." Nikapata dada mmoja anayetembeza watu binafsi, sio kundi. Masaa manne, gari dogo, sisi wawili na yeye na dereva. Akatuuliza tunataka kuona nini. Shangazi akajibu, "Vile mji ulikuwa kabla ya viatu."

Mji wenyewe ni Quanzhou, Jinjiang iko chini yake. Kama hujawahi kuusikia, hauko peke yako. Mimi nilidhani ni jina tu la kwenye boksi. Lakini kati ya karne ya 11 na ya 14 hii ilikuwa moja ya bandari kubwa zaidi duniani. Waarabu na Waajemi waliuita Zaytun. Usikimbilie kufikiria zeituni za kula. Jina linatokana na citong, miti iliyopandwa kuzunguka mji, jamaa wa ule mti wetu wa maua mekundu, mwamba-ngoma, ambao Wakikuyu wanauita muhuti. Ibn Battuta, yule msafiri wa Morocco aliyefika Mombasa na Kilwa karibu mwaka 1331, anasema katika kitabu chake kwamba miaka kama kumi na minne baadaye alifika Zaytun, na akaisifu bandari yake kuliko karibu zote alizoziona. Yaani kuna mtu mmoja aliyekula ndizi Mombasa na kushuka meli Quanzhou, kabla ya Vasco da Gama hata kuzaliwa.

Kituo cha kwanza kilikuwa msikiti wa Qingjing. Ulijengwa mwaka 1009. Sio kosa la kuandika: elfu moja na tisa. Mlango wake ni wa mawe makubwa yaliyochongwa kwa matao, haufanani na jengo lingine lolote mtaani. Ukumbi wa zamani wa kuswalia hauna paa, kuta tu zimesimama, na nyasi ndani. Maandishi ya Kiarabu ukutani yanasema ulikarabatiwa mwaka 1310 na mtu mwenye asili ya Shiraz, Uajemi.

Hapo nilisimama kidogo. Shiraz! Si ndio jina tunalolisikia Pwani, familia zikisema sisi ni Washirazi? Wanahistoria wanabishana Washirazi wa Pwani walitoka Uajemi kweli au walichukua tu jina lenye heshima. Lakini hata ubishi huo unakuonyesha kitu: karne hizo jina la Shiraz lilikuwa na uzito kutoka Kilwa hadi Uchina. Bahari ilikuwa moja.

Hatua chache kutoka msikitini kuna hekalu la Guandi, limejaa moshi wa ubani na watu wanaoomba biashara iende vizuri. Shangazi akacheka, "Hawa nao wanaomba kama mimi." Msikiti na hekalu ni majirani wa ukuta kwa ukuta.

Tukaenda Kaiyuan, hekalu kubwa la Wabudha lenye minara miwili ya mawe ya karne ya 13. Dada akatuzungusha nyuma ya ukumbi mkuu akatuonyesha nguzo mbili zilizochongwa miungu ya Kihindu. Hapa pia walikuwepo wafanyabiashara Watamil kutoka kusini mwa India, na walikuwa na hekalu lao. Hekalu likapotea, mawe yake yakatumika tena hapa na pale, na nguzo zikaishia kwa Wabudha.

Kwenye uwanja huohuo kuna meli. Iligunduliwa kwenye matope ya ghuba ikafukuliwa mwaka 1974. Ilizama miaka ya 1270 hivi. Kilichobaki kina urefu wa mita 24 na ushee, na tumbo lake limegawanywa vyumba 13, ili chumba kimoja kikiingiza maji vingine vibaki vikavu. Mzigo uliokutwa ndani ni mbao za manukato, pilipili manga, ubani na ambari. Ubani unatoka Arabuni kusini na upande wa Somalia. Kwa hiyo harufu ya pembe yetu ya dunia ilikuwa ndani ya ile meli.

Mpaka hapo ilikuwa stori tamu tu. Unajua zile stori za "zamani watu wote waliishi kwa amani." Nilikuwa tayari nimeshatunga maneno ya video kichwani. Halafu tukaingia Jumba la Makumbusho ya Bahari.

Kuna ukumbi umejaa mawe ya makaburi. Mamia. Mengine yana Kiarabu, mengine msalaba umekaa juu ya ua la yungiyungi na malaika mwenye mabawa pembeni, mengine Kisiriaki, Kitamil, Kichina. Wakristo, Waislamu, Wahindu, wote walizikwa mji huu. Nikauliza swali la kawaida tu: mbona mawe mengi yamevunjika?

Dada akanyamaza kidogo, kisha akatueleza.

Wamongolia walipoiteka Uchina wakaanzisha utawala wa Yuan, na waliwapanga watu kwa madaraja. Juu Wamongolia. Wa pili watu wa magharibi, yaani Waajemi, Waarabu, Waturuki na kadhalika. Wa tatu Wachina wa kaskazini. Chini kabisa Wachina wa kusini. Sasa Quanzhou iko kusini. Ina maana mwenye mji alikuwa daraja la mwisho nyumbani kwake, na mgeni mwenye meli alikuwa daraja la pili. Kabla ya hapo tayari kulikuwa na Pu Shougeng, tajiri wa ukoo wa Kiislamu aliyesimamia biashara ya bandari chini ya watawala wa Song. Wamongolia walipokaribia, akageuka upande wao, na watu wa ukoo wa kifalme wa Song waliokuwa mjini wakauawa. Watu hawakusahau.

Mwaka 1357 wanajeshi wenye asili ya Uajemi waliokuwa wakilinda mji wakaasi na kuushika. Vita vikaendelea miaka kumi, wageni wakipigana hadi wao kwa wao. Mwaka 1366 jeshi kutoka nje likaingia na kuwamaliza, na kisasi hakikuchagua mwanajeshi na muuza duka. Makaburi nayo hayakupona. Baadaye, mawe ya makaburi yakatumika kama mawe ya kawaida ya kujengea, mengi yakaingia kwenye ukuta wa mji.

Yaani jina la baba ya mtu likawa tofali.

Nikageuka kumwangalia shangazi. Hakuwa anaangalia mawe tena, alikuwa anaangalia sakafu. Lazima niwaambie kitu. Shangazi hakuanzia biashara Nairobi. Duka lake la kwanza lilikuwa mji mmoja wa Bonde la Ufa. Alikuwa na wateja, alikuwa na kiti chake kanisani, watoto walizaliwa huko. Mwanzoni mwa 2008 alitoka na begi moja na watoto wawili. Nyumbani kwetu hii stori huwa haisemwi. Sisi wadogo tumekua tukijua tu kwamba shangazi hapendi kuulizwa, "Kwenu ni wapi?"

Pale makumbusho akasema kwa sauti ya chini, "Hawa nao walidhani ni kwao." Basi. Hakuongeza.

Mimi nilizaliwa mtaani Nairobi, na kwangu mchanganyiko wa watu ni kitu cha kawaida, kama maji kwenye mfereji. Quanzhou ilinionyesha maji yanaweza kukatwa. Na hayakukatwa juu ya dini, msikiti na hekalu vilikuwa majirani miaka mingi. Yalikatwa juu ya wakubwa waliopanga watu kwa ngazi, huyu akapewa na yule akanyimwa, halafu kila kundi likaachwa lihesabu deni la jirani. Deni lilipoiva, aliyelipa ni mtu wa kawaida. Sisi Wakenya hatuhitaji kwenda Fujian kusoma hiyo hesabu.

Lakini stori haikuishia hapo, na ndio maana naandika hii.

Kwanza, si wote walipotea. Wengine walihamia vijijini na kuishi kama Wachina wengine. Ukoo mmoja unaitwa Ding, wa mji wa Chendai, hapohapo Jinjiang. Waliendelea vizazi na vizazi, wakaheshimu mababu kama majirani zao, ila hawaweki nyama ya nguruwe kwenye sadaka ya mababu. Alama hiyo ndogo ilibaki hata imani yenyewe ilipopungua. Mwaka 1979 serikali iliwatambua rasmi kuwa Wahui, Wachina wa asili ya Kiislamu. Sisi tulikuwa tumeona jina Ding kwenye kadi kadhaa wiki hiyo bila kujua, maana Chendai ni kitovu cha viatu. Hata kampuni ya Anta ilianzishwa mwaka 1991 na familia ya jina hilo kutoka huko.

Pili, kuna mwalimu. Anaitwa Wu Wenliang, alifundisha biolojia shule ya sekondari mjini. Karne ya 20 ukuta wa zamani ulipoanza kubomolewa, mawe ya makaburi yakaanza kutokea, na waashi wakayachukua kama mawe mengine. Mwalimu huyo akaanza kuyakusanya kuanzia miaka ya 1920. Si kazi aliyotumwa, si somo lake hata. Alikusanya kwa miaka mingi, akayatoa kwa umma, na mwaka 1957 akachapisha kitabu kuyahusu. Mengi ya tunayoyajua leo kuhusu wageni wa Zaytun yalipita mikononi mwake. Mwaka 2021 UNESCO ilipoingiza Quanzhou kwenye Urithi wa Dunia, maeneo 22 kwa jumla, sehemu ya ushahidi ilikuwa ni mawe ambayo mwalimu mmoja alikataa yawe tofali.

Kituo cha mwisho kilikuwa kilima cha Lingshan, makaburi mawili ambayo Waislamu wa huko husema ni ya wahubiri wa mwanzo kabisa. Kando yake kuna jiwe la mwaka 1417. Linasema Zheng He, yule kamanda Mwislamu wa meli za Ming, alipita hapo kufukiza ubani kabla ya safari ndefu ya baharini. Ilikuwa safari yake ya tano, ile iliyowarudisha makwao mabalozi wa nchi za mbali na kufika pwani ya Afrika Mashariki. Miaka miwili kabla, 1415, Malindi ilikuwa imempelekea mfalme wa Uchina twiga.

Sisi tukizungumza Kenya na Uchina tunaruka kutoka twiga hadi reli. Mfalme na zawadi, serikali na mkopo. Katikati hapo kuna watu tunawaruka: mabaharia, wauza ubani, mabibi waliobaki bandarini, watu waliozikwa mbali. Upande wetu pia ushahidi upo. Nenda Mambrui, kaskazini ya Malindi, uone kaburi la nguzo lililopambwa kwa bakuli za Kichina. Nenda Gedi, uone vipande vya vyombo vya Kichina vilivyochimbwa hapo. Ni ya kwetu, na wengi wetu hatujawahi kukanyaga huko.

Tukiwa garini kurudi kuchukua sampuli, nilimuuliza shangazi swali ambalo sijawahi kuthubutu: lile duka lake liliitwaje? Akakaa kimya mpaka taa za barabarani mbili zikapita. Kisha akaniambia jina, na mtaa, na majirani wa kushoto na kulia, mmoja mmoja, na nani alimficha ile usiku wa kwanza. Aliyemficha alikuwa wa kabila lile lingine.

Niliandika yote kwenye simu. Jina la duka sitaliweka hapa, ni lake. Lakini sasa limeandikwa mahali.

Kwa hivyo kazi yangu kwenu ni hii. Wikendi hii keti na mtu mzima mmoja nyumbani. Usimuulize kabila, hilo analijua na wewe unalijua. Muulize majirani wake wa kwanza walikuwa akina nani. Andika majina.