Mama Wawili wa Sinema Bubu

Anna May Wong, binti wa dobi wa Los Angeles, alikuwa na miaka 17 alipoigiza mhusika mkuu wa filamu ya The Toll of the Sea, mwaka 1922. Ni kisa cha opera ya Madama Butterfly kilichohamishiwa China: mwanamke ametelekezwa na Mmarekani, na bwana huyo anaporudi na mke mzungu, mwanamke anamwambia mwanawe kwamba yule mgeni ndiye mama yake hasa, kisha anajitosa baharini.

Miaka 12 baadaye, mjini Shanghai, Wu Yonggang alimwongoza Ruan Lingyu katika filamu ya Shennü. Hapa mama anauza mwili ili mwanawe asome. Wazazi wenzake wanalalamika, mtoto anafukuzwa shule. Mcheza kamari anayemnyonya anaiba akiba yake. Mama anamuua, anahukumiwa miaka 12, na akiwa gerezani anamwomba mwalimu mkuu amwambie mtoto kwamba mama yake alishakufa.

Wote wawili wanajifuta kwa ajili ya mtoto. Lakini Hollywood ilimzamisha Wong ili mambo yakae sawa: mtoto amepata mama mzungu, mtazamaji anapangusa machozi na kwenda zake. Wu hampi mtazamaji nafuu hiyo. Mwalimu mkuu ameshawaambia wakuu wa shule kwamba kosa ni la jamii, si la mama, na hakusikilizwa. Tazama pia tamasha la shule: mtoto anaimba, Ruan anatabasamu kwa fahari, huku minong'ono ikipita kiti hadi kiti. Uigizaji wake wote umo katika tabasamu lile linalofifia taratibu. Sijaona uso uliosema mengi kuliko huo katika sinema bubu ya nchi yoyote.

Ruan alikuwa mtoto wa mtumishi wa ndani, akaingia kampuni ya Mingxing mwaka 1926. Filamu yake Xin nüxing, iliyotokana na kisa cha mwigizaji Ai Xia aliyejiua, iliwaudhi waandishi wa habari. Magazeti yakaanika kesi aliyofunguliwa na mwanamume aliyewahi kuishi naye. Alijiua tarehe 8 Machi 1935, akiwa na miaka 24. Mwandishi Lu Xun aliandika makala kuyashutumu magazeti hayo, na alikuwa na haki.

Wong aliishi, ila milango ilifungwa. Kampuni ya MGM ilipotengeneza filamu ya The Good Earth, nafasi ya mke mkulima wa Kichina ilikwenda kwa Luise Rainer, mzaliwa wa Ujerumani, aliyepata Oscar kwayo. Wong alifikiriwa kwa nafasi ya suria mwovu. Alikataa, na mwaka 1936 akaenda China, ambako wakosoaji walimlaumu kwa nafasi ambazo Hollywood ilikuwa imempa.