Klabu Ndani ya Keja

Tarehe 27 Machi 2020 ilikuwa Ijumaa. Saa moja jioni, kafyu ya kwanza ya korona ikaanza Kenya. Siku hiyohiyo, kule Uingereza, Dua Lipa alitoa albamu yake ya pili, Future Nostalgia, iliyojaa ngoma za kuchezwa klabuni. Klabu zenyewe zilikuwa zimefungwa.

Mimi nilikuwa kitandani katika bedsita yangu Roysambu nikihesabu pesa za kodi. Kazi yangu ilikuwa kusimama mlangoni mwa klabu fulani, nikiwapiga wateja muhuri mkononi. Hakuna klabu, hakuna muhuri, hakuna mshahara.

Albamu iliyonifikia ni ile iliyofuata, ya 28 Agosti: Club Future Nostalgia. Dua Lipa alishirikiana na DJ wa Marekani, The Blessed Madonna. Nyimbo zilezile zikapitia mikononi mwa maDJ mbalimbali, kisha zikaungwa kuwa miksi moja isiyokatika. Unabonyeza mara moja tu, kama vile DJ hataki ukae chini.

Dada yangu mkubwa alikuwa amehamia kwangu baada ya hoteli alikofanya kazi kufungwa. Akaniuliza, "Huu si muziki wa wazungu? Sisi tunaingia wapi hapo?"

Sikuwa na jibu. Nikaanza kufuata majina.

Mr Fingers, mmoja wa waliozigusa nyimbo hizo, ni Larry Heard, Mmarekani mweusi wa Chicago aliyesaidia kuujenga muziki wa house miaka ya themanini. Jina house lenyewe huhusishwa na Warehouse, klabu ya Chicago ambako Frankie Knuckles alianza kupiga muziki mwaka wa 1977. Wengi waliocheza pale walikuwa weusi na Walatino, wengi wao mashoga, watu waliozoea kufungiwa milango kwingine. Tarehe 12 Julai 1979, katika uwanja wa Comiskey Park mjini humo, sahani za disko zililipuliwa kwa baruti katikati ya mechi mbili za besiboli huku umati ukishangilia. Disko ikaambiwa imekufa. Watu wa Warehouse hawakuacha kucheza.

Hata remiksi ina ukoo wake. Mwishoni mwa miaka ya sitini, mafundi wa studio Kingston, Jamaika, walianza kuondoa sauti ya mwimbaji, wakaacha ngoma na besi. Miaka ya sabini, Tom Moulton wa New York alirefusha nyimbo ili wachezaji wasikatizwe ndipo kwanza wamepata moto. Mwaka wa 1987 Madonna akatoa You Can Dance, albamu nzima ya remiksi. Miaka 33 baadaye anasikika kwenye hii ya Dua Lipa, pamoja na Missy Elliott.

Nikamwambia dada pia kuhusu Harlem miaka ya ishirini. Kodi ikiwashinda, watu walifanya sherehe nyumbani, wakaleta mpiga piano na kutoza kiingilio mlangoni.

Akacheka. "Kumbe disko matanga!"

Alikuwa sahihi. Kwetu magharibi, muziki hupigwa usiku kwenye boma la marehemu, pesa zikachangwa za kusaidia mazishi. Wakubwa wamepiga marufuku mara nyingi, na kuna sababu za kweli za kulinda watoto usiku ule. Lakini hesabu ni ileile: kuna shida nyumbani, kwa hivyo watu waje wacheze.

Jumamosi moja tuliegemeza kitanda ukutani, tukafungulia spika kwa sauti ya chini. Ilikuwa saa tatu na nusu, kafyu imeshaanza. Mlango ukabishwa. Dada akazima haraka.

Ni keateka. Hakutaja kelele. Alitaka kodi ya miezi miwili.

Hapo ndipo nilipoielewa albamu ile, na mahali isipotufikia. Klabu ya nyumbani inadhani una nyumba. Harlem na Chicago, watu walicheza bila uhakika huo.

Tulimwomba wiki mbili, akaondoka akinung'unika. Oktoba tuliiuza spika, tukalipa nusu. Lakini usiku ule bado tulikuwa nayo. Dada alingoja hadi viatu vya keateka viishe kusikika kwenye ngazi.

"Washa," akasema.